Mama Kisiwa na Lugha Aliyoitunga

Ndugu, jamaa na majirani mliokuja kutushika mkono, mimi ni fundi friji, mdogo wake marehemu, familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha ya dada yangu, na mtanisamehe nikikatiza kwa kukohoa, kifua kimenibana tangu Jumatano.

Marehemu, ambaye wengi wenu mlimwita Mama Kisiwa, alizaliwa tarehe 11 Februari 1953, katika nyumba ya vyumba vitatu nyuma ya kiwanda cha sabuni, akiwa kifungua mimba wa baba mpiga chapa na mama mshona nguo, nami nikamfuata baada ya miaka miwili. Alipokuwa na miaka tisa aliugua surua, akafungiwa chumba cha nyuma peke yake ili asiniambukize, na kwa upweke ule akajitungia kisiwa, akakijaza watu, akawapa lugha yao, akanifundisha neno kwa neno kupitia tundu la ufunguo, hadi mama akawa anauliza hawa wawili wanamsengenya nani. Kwa kuwa aliogopa kufa peke yake, aliwawekea watu wake sheria moja, kwamba mashua ya wafu haing'oi nanga na abiria mmoja, anayeondoka huuliza nani yuko naye, na atakayeitikia "nipo" kwa lugha ile ndiye atakayemfuata. Siku moja aliniuliza, nikaitikia, na kabla ya wiki kwisha nilikuwa nimelazwa kitanda cha pili, vipele mwili mzima. Tulipona wote, tukacheka, na mama akasema surua ni surua tu.

Alisoma shule ya msingi ya mtaani kwetu hadi mwaka 1967, akichapwa mara kwa mara kwa kuwatukana walimu kwa lugha ambayo hakuna aliyeweza kuthibitisha kuwa ni matusi, kisha sekondari, kisha chuo cha uhazili, na tarehe 3 Januari 1974 akaajiriwa na kituo cha redio kupiga chapa. Huko ndiko alikoanzisha mchezo wa Jumapili alasiri kuhusu kisiwa chake, na watu wazima mlioko hapa mnakumbuka mlivyokuwa mnaacha vyombo bila kuoshwa. Agosti 1984, katika kipindi cha kifo cha mtemi, mwigizaji aliyekuwa mtemi aliuliza swali la mashua, na mwanamke aliyeigiza mke wa mtemi akaitikia kwa lugha ile, taifa zima likisikia. Mwigizaji yule alifariki kwa ugonjwa wa moyo mwezi uleule, na mwanamke yule akamfuata kabla maua ya kaburi la mwenzake hayajanyauka. Watu walisema ajali haina kinga, lakini dada aliufuta mchezo, kituo kikambembeleza, akakataa katakata, akarudi kwenye mashine yake ya chapa mpaka alipostaafu mwaka 2008.

Alifunga ndoa tarehe 14 Juni 1980 na dereva wa lori la maziwa, ambaye hakutaka hata kuisikia lugha hiyo, akisema Kiswahili kinamtosha kugombana na mkewe. Shemeji alitutoka mwaka 2011, hakuna aliyemfuata, na dada aliniambia kwamba ukaidi wa mumewe ulikuwa baraka. Walijaliwa binti mmoja, mwalimu wa hesabu, aliyekatazwa kujifunza hata neno moja. Tukabaki mimi na dada tu tunaoijua, nasi tukawa hatuisemi.

Tarehe 2 Mei mwaka huu alipigwa na kiharusi, na alipozinduka Kiswahili chote kilikuwa kimefutika, imebaki lugha ya kisiwa peke yake. Nikaitwa wodini kuwa mkalimani, maji, mto, feni izimwe, na kila akiliita jina langu nilimjibu "nipo" kwa lugha yake, akatulia, maana neno lenyewe halina madhara mpaka swali la mashua liulizwe. Kumbe binti yake, pale ubavuni, alikuwa amelishika.

Jumanne tarehe 27 Mei, alasiri, dada alifumbua macho akauliza swali la mashua, na hakuwa ananitazama mimi, alikuwa anamtazama mwanawe. Mpwa wangu aliponiuliza mama anasemaje, nikamdanganya kwamba anataka blanketi, kwa sababu niliogopa, niliogopa sana. Dada akauliza tena, na binti wa watu, akitaka tu kumfurahisha mama yake, akafungua mdomo kulisema lile neno. Nikamuwahi, nikaitikia mimi, kwa sauti, dada akanigeukia, akanibana kidole, na kabla ya saa kumi akakata roho.

Mpwa wangu, najua ndio kwanza unasikia, usijilaumu, mimi nilishaitikia tangu enzi za tundu la ufunguo.

Tunamshukuru daktari na wauguzi wa wodi ya wanawake kwa subira yao, majirani mliotupikia, na wenzake wa redio mlioleta kanda za mchezo wake, ila kanda hizo nawaomba zisipigwe hapa, na anayelikumbuka swali alimeze. Vijana wa turubai na viti, ahsanteni, lakini msiwe na haraka ya kufungua.

Pumzika kwa amani, dada, nipo.