Sauti ya Meja: Maisha ya Silvester Hubert Corraya, 1931–1997

Marehemu Silvester Hubert Corraya, ambaye watazamaji wa sinema walimjua kwa jina la Shahin Kabir, alizaliwa hapa kijijini Nagori, karibu na Dhaka, tarehe 14 Septemba 1931, mtoto wa kwanza wa Mzee Dominic Corraya, mpishi huko Kalkuta, na Bibi Agnes Rozario. Alisoma shule ya misheni hadi mwaka 1948, akaenda Dhaka kuwa karani wa posta, na Kiurdu chake, alichokiokota alipomtembelea baba yake Kalkuta, kwa wachinjaji waliomuuzia nyama, ndicho kilichomwingiza katika filamu, Machi 1959, kwani Dhaka ilikuwa bado Pakistani na filamu nyingine zilisema Kiurdu.

Tarehe 8 Januari 1955 alifunga ndoa na Filomena Gomes, wakajaliwa watoto wawili, Teresa na Probir.

Novemba 1971, katika vita vilivyoizaa Bangladesh, askari wa Pakistani walimchukua mdogo wake, Hilari, mbele ya macho yake, na hakuonekana tena. Mwaka uliofuata Silvester alipewa nafasi ya kuigiza meja wa jeshi hilo katika filamu ya vita hivyo, akakubali, akisema aliyewatazama usoni ndiye atakayewaonyesha walivyo. Aliwaonyesha kupita kiasi. Sokoni muuza samaki alimfokea, "Bwana Meja, huna samaki hapa, nenda ukale huko kwenu!" Naye akajibu, "Ndugu yangu, vita niliigiza, njaa siigizi," akarudi nyumbani na kikapu kitupu.

Mwaka 1975 serikali ilibadilika, ikaja iliyotaka urafiki na Pakistani, na Juni 1976 maofisa wakaagiza filamu itiwe sauti upya, kwani studio zetu hutia sauti baada ya picha, na neno "Pakistani" liondolewe kinywani mwa meja, aseme "jeshi letu" tu. Mtayarishaji, Bwana Mofizul Haq, alimsihi, "Kaka Shahin, neno moja tu, una watoto wewe!" Akajibu, "Kwa neno hilo nimetukanwa miaka minne, na mdogo wangu hana kaburi. Tafuteni mdomo mwingine."

Ulipatikana, sura ikabaki yake na sauti ya mtu mwingine, na tangu siku hiyo hakuitwa tena, hata kuigiza bawabu. Alirudi kwenye ukarani, katika kiwanda cha magunia Narayanganj, hadi alipostaafu mwaka 1991.

Kila Desemba, mwezi tulioshinda vita, filamu hiyo ilipoonyeshwa kwenye televisheni, aliizima sauti, akayasema mwenyewe maneno ya meja, kama yalivyoandikwa mwanzo. Machi 1996 alipasuliwa kwa saratani ya koo, akapoteza sauti. Desemba ile aliizima sauti kama kawaida, chumba kikawa kimya, ndipo Bibi Filomena, ambaye hajawahi kukanyaga ukumbi wa sinema, akaanza kuyasema, akayamaliza yote, "Pakistani" likiwemo, bila kukosea.

Silvester alifariki tarehe 3 Februari 1997, saa tisa alasiri. Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani waliotupikia siku hizi zote, makarani wenzake, na wale wa studio waliothubutu kuja.

Lala salama, Silvester Hubert Corraya.