Karatasi Niliyoipandisha Bungu

Mwenyekiti, na ninyi wanachama wenzangu, naomba kwanza nitenganishe mambo. Yaliyotokea Korogwe, Misima na Bungu niliyaona mwenyewe, na barua nitakazozitaja nilizisoma kwa miwani hii. Yaliyotokea ng'ambo anakofanya kazi binti yangu sikuyaona, na nikifika hapo nitasema kwamba niliambiwa. Majina ya watu sitayataja. Nimekubali kusimama kwa sababu najua baadhi yenu mnajaza fomu kama zile zilizoniangusha.

Binti huyo sikumzaa. Ni mtoto wa mdogo wangu, aliyefariki mtoto akiwa hajaanza kutembea. Desturi yetu mnaijua: kaka mkubwa hampokei mtoto wa ndugu yake kama mgeni. Mama yake alibaki Bungu kwenye shamba lake, mtoto akaja kwetu, kwangu na kwa mke wangu, ambao hatukujaliwa kuzaa. Alipofikia umri wa shule nilikuwa mwalimu mkuu kule Magoma. Katika daftari la kuandikisha wanafunzi, mahali pa jina la baba, niliandika langu. Niliandika kwa mkono wangu, kwa mwandiko mzuri, na sikuona kosa.

Akasoma, akawa muuguzi, akapata kazi na ukaazi ng'ambo. Kisha akataka kutudhamini tuhamie kwake. Ndugu zangu, udhamini si barua ya mwaliko. Kuna ada ya maombi kwa kila kichwa, kuna vipimo vya kifua na damu Dar es Salaam, kuna tafsiri za vyeti, na mdhamini lazima aonyeshe kipato cha kuwatunza anaowaita. Niliambiwa alikuwa akichukua zamu za wenzake mwisho wa wiki. Sikutaka abebe peke yake. Niliuza shamba langu la michungwa la Misima, kule Handeni. Mke wangu naye alinunua masweta manne mnadani, akayajaribu katika jua la mchana mbele ya majirani.

Binti aliniuliza jambo moja kwa simu. "Baba, hapa kwenye uhusiano tueleze kwamba ulinilea?"

Nikamjibu, "Andika baba. Nani Korogwe asiyejua?"

Mimi niliyewakemea wanafunzi miaka yote kwa kuandika "watu wanasema", siku ile nilitegemea kile ambacho watu wanasema.

Barua ikaja kutoka ofisi ya uhamiaji ya huko ng'ambo. Cheti cha kuzaliwa kilikuwa na jina la marehemu mdogo wangu, vyeti vya shule vilikuwa na langu. Walitaka maelezo, na waliandika wazi kwamba yasipotosheleza, ukaazi wa binti mwenyewe utaangaliwa upya. Ukaazi wake, si wetu. Ada nazo hazirudishwi.

Hapo ndipo nilipoanguka. Siku kumi na moja sikupokea simu yake. Nilikuwa nikimwogopa mtoto niliyemfundisha kusoma. Nikatoka, nikaenda kuuliza stendi. Mtu mmoja aliyejiita mjuzi wa viza akasema ni jambo dogo: mama mzazi aape kwamba marehemu hakuwa baba wa mtoto, cheti kibadilishwe, jina langu liingie. Sikumdai ushahidi wowote. Aliandika kiapo, nikakikunja mfukoni, nikapanda Bungu.

Shemeji yangu, mama mzazi wa binti, alikuwa anachambua maharage. Aliniamkia, akanipa kiti, akaisoma karatasi polepole hadi chini.

"Shemeji, mtoto ni wako," akasema. "Sijawahi kukudai. Lakini hapa unataka niape kwamba mume wangu hakuzaa."

Nikasema ni karatasi tu.

"Mwalimu mzima unaniambia ni karatasi tu?" Akarudi kwenye maharage yake. "Mdogo wako ameacha kaburi na mtoto mmoja. Sasa unataka abaki na kaburi."

Niliichukua ile karatasi nikaitia mwenyewe kwenye moto wake, naye akabandika chai. Tulipokwisha kunywa nilimpigia binti.

"Siku kumi na moja, baba," akasema. "Nilidhani umekufa, na hakuna aliyethubutu kuniambia."

Nilimwomba radhi. Sijui kama niliwahi kumwomba mtoto radhi kabla ya hapo.

Wiki iliyofuata niliapa mbele ya hakimu kwamba nilimlea binti huyu, sikumzaa, na kwamba jina katika daftari la shule niliandika mimi, yeye akiwa na miaka saba. Maombi yetu yalikataliwa. Barua inayosema ukaazi wake haukuguswa nimeisoma mara mbili. Baadaye binti akamwombea mama yake mzazi ahamie kwake, ambaye alibisha sana akisema baridi ya Bungu inamtosha, hadi mke wangu alipompelekea yale masweta yote manne.

Namshukuru shemeji huyo, aliyenizuia bila kunidhalilisha. Namshukuru mke wangu, aliyepoteza safari na hakunilaumu kwa shamba. Nawashukuru ninyi, mlionifuata nyumbani nilipoacha kuja mikutanoni. Na ninalowaachia ni hili: kabla hujalipa ada yoyote, tandika vyeti vyote vya mtoto juu ya mkeka mmoja, usome jina la baba katika kila kimoja. Kama ulimlea, andika kwamba ulimlea. Hakuna aibu ndani yake. Na swali la ofisi lipeleke ofisini, ujibiwe kwa maandishi.

Mwezi uliopita binti alikuja kumchukua mama yake. Niliwasindikiza hadi ule mlango wa uwanja wa ndege ambao asiyesafiri haupiti. Alinishika mkono, akaniambia, "Baba, dawa ya presha saa moja jioni. Si saa mbili." Saa moja ilinikuta kwenye basi, njiani kurudi Korogwe. Niliimeza.