Naipanoi na Utando wa Mwisho

Wasikilizaji wapendwa, popote mlipo, kuanzia Mbulumbulu hadi Ngorongoro, sogeeni karibu na redio. Leo tunamkumbuka Naipanoi Sairowua, fundi wa maabara ya utafiti wa mifugo hapa Karatu mjini. Ametutoka Jumanne, akiwa na miaka arobaini na mmoja.

Naipanoi alisafisha sampuli za vinasaba. Damu ya ng'ombe huja na uchafu mwingi. Aliiyeyusha, akaipitisha kwenye utando wa plastiki wenye matundu yasiyoonekana kwa macho. Uchafu hupita, vinasaba hubaki juu.

Miaka mitano iliyopita, kaka yake Kasaine aligombania dume na Felisiani, mfugaji wa Kansay. Kila mmoja alidai dume lile limezaliwa na ng'ombe wake. Morani wakashika mikuki. Vijana wa Kansay wakanoa mapanga. Wazee wakaomba siku mbili hadi mkutano, vinasaba viamue.

Naipanoi aliomba kazi hiyo apewe mwingine. Mwingine hakuwapo. Sampuli za majike wawili zilisafishika. Ya dume ilikuwa na damu iliyoganda, ikaziba utando. Ukabaki utando mmoja. Mmoja tu, wasikilizaji wapendwa. Mashine inayosukuma damu ipite ikizunguka kwa kasi, utando unapasuka. Ikienda polepole, mkutano utaanza bila jibu.

Simu ikaita. Alikuwa Kasaine, akitaka jibu. Naipanoi akamweleza kwamba umebaki utando mmoja.

"Sema huo utando umepasuka," Kasaine alimwambia. "Nani atajua?"

Naipanoi akakata simu, akapunguza kasi ya mashine. Mwenzake, Evarista, anasimulia kwamba Naipanoi hakubanduka kando ya mashine. Likadondoka tone moja. Likafuata la pili. Utando ukahimili.

Jioni ya siku ya pili alifika mkutanoni, wazee wakiwa wameshasimama kuondoka. Akamtazama kaka yake.

"Dume ni la Felisiani."

Morani mmoja akapiga hatua mbele na mkuki wake. Kasaine akamdaka mkono, akaondoka naye. Hakumtupia dada yake hata jicho.

Jana, kwenye mazishi, Kasaine alituambia: "Miaka mitatu sikumsemesha. Nilipokwenda kwake akanitengea chai, hakuuliza kitu. Hakuna mtu aliyezikwa kwa ajili ya dume lile. Leo namzika yeye."

Kwa mama yake, Nalangu, kwa Kasaine na ukoo mzima, poleni sana. Mungu awape nguvu.

Nawe unayenisikiliza, jiulize: ndugu yako wa damu akikuomba uongo mdogo tu, utamjibu nini?