Mhandisi Mkuu Aliyekaa kwenye Foleni: Maisha ya Dada Yetu, 1979–2025

Ndugu, jamaa, majirani na nyote mlioacha shughuli zenu kuja kumsindikiza Dada, asanteni. Mimi mdogo wake wa kiume nimepewa kazi ya kusoma maisha yake, na nitajitahidi nisitie chumvi, maana mwenyewe hakupenda.

Dada yetu alizaliwa Jumatano, tarehe 14 Machi 1979, katika nyumba ya kupanga nyuma ya karakana ya reli. Alikuwa kifungua mimba wa baba yetu, fundi redio, ambaye ametangulia, na mama yetu, mpiga chapa, aliyeketi hapa mbele. Alipokuwa na miaka tisa alitunga ratiba ya kuosha vyombo, akaibandika mlangoni. Siku za masufuria yenye ukoko zote ziliniangukia mimi. Niliipinga ratiba ile kwa miaka sita na sikufanikiwa kuonyesha kosa lake.

Alisoma shule ya msingi kuanzia mwaka 1986 hadi 1992, kisha sekondari ya bweni mpaka 1998. Shuleni hapo palikuwa na kompyuta moja, imefunikwa kitambaa cha meza, na ufunguo wa chumba ulikaa kwa mwalimu mkuu. Wanafunzi hawakuruhusiwa kuigusa, kwa hiyo Dada alijitolea kuifuta vumbi. Aliifuta kila Jumamosi kwa miaka miwili. Siku moja mwalimu mkuu aliingia bila hodi, akaikuta inawaka, na alama za shule nzima zimepangwa vizuri kuliko alivyozipanga karani. Hakumwadhibu, alimwongezea Jumatano. Mwaka 1999 alijiunga na chuo kikuu, akahitimu shahada ya uhandisi wa programu za kompyuta mwaka 2003.

Agosti mwaka huo aliajiriwa na kampuni inayotengeneza programu za hospitali, ghorofa ya tatu juu ya duka la rangi. Mwaka wa kwanza kazi yake ilikuwa kupokea simu za wateja ambao mashine zao zimeganda. Haba na haba hujaza kibaba: mwaka 2006 akawa mhandisi kamili, na 2011 mhandisi mwandamizi. Mama alipoambiwa aliuliza, "Una watu wangapi chini yako?"

"Sina, Mama. Wananiletea yaliyowashinda."

"Basi hiyo ni kazi ya mama wa nyumba," Mama akasema. Tulicheka, lakini Mama alikuwa amesema kweli.

Tarehe 20 Desemba 2008 alifunga ndoa na shemeji yetu, mpima ardhi. Shemeji anasimulia kwamba walipokuwa wanajuana alimwahidi kumpigia simu saa kumi, akapiga saa kumi na robo. Dada alimuuliza, "Hiyo robo imekwenda wapi?" Mpima ardhi naye hapendi kipimo kisichotimia, na hapo ndipo alipojua kuwa amepata mke. Walijaliwa binti na mtoto wa kiume.

Sasa nisimulie mwaka 2016, kwa sababu bila huo hamjamjua. Juni mwaka ule jina lake lilikuwa mezani kwa cheo cha mhandisi mkuu, cheo cha juu kabisa kwa mtu anayeandika programu kwa mkono wake. Alikuwa amekitafuta miaka kumi na mitatu. Aliombwa akusanye kazi zake bora azionyeshe kwa kamati. Alipokuwa akizikagua alifika kwenye programu aliyoiandika miaka miwili nyuma, ya kuwakumbusha wagonjwa wa kliniki ya macho siku zao za kurudi. Alikuwa ameiandika ikimtarajia kila mtu awe na majina mawili. Aliyeandikishwa kwa jina moja tu aliachwa bila ujumbe. Waliachwa hivyo watu mia mbili na kumi na wawili, na hakuna aliyelalamika, maana asiyekumbushwa hajui kwamba alistahili kukumbushwa.

Jumapili, baada ya chakula cha mchana, alimweleza mumewe. "Nikisema, cheo kinakwenda."

"Na usiposema?"

"Nitakipata."

"Sasa mke wangu, unaniuliza nini?"

Jumatatu alisema mbele ya kamati nzima. Kwa siku tisa alikaa na wauguzi wa kliniki kuwapigia simu wote, mmoja mmoja. Wengi walikuwa salama. Bibi mmoja alimwambia, "Mwanangu, mimi kurudi nilirudi mwenyewe, simu yenu sikuingoja." Lakini fundi cherehani mmoja, mwenye presha ya macho, alikuwa amepoteza jicho la kushoto.

Dada alimfuata kibandani kwake akamwambia, "Mimi ndiye niliyeiandika ile programu." Fundi alimfukuza. Juma lililofuata alirudi, akafukuzwa tena. Mara ya tatu akapewa kiti. Tangu hapo, kila miezi mitatu, kwa miaka minane, Dada alimpeleka kliniki yeye mwenyewe, na jicho la kulia linaona mpaka leo.

Cheo alipewa mwingine. Dada alimpigia makofi, akarudi kwenye meza yake. Iliuma, aliniambia hivyo bila kuficha. Aliiomba kampuni jambo moja tu: kila mwandika programu, awe mgeni au mkurugenzi, akae asubuhi moja kila mwezi kwenye benchi la kliniki, foleni moja na wagonjwa. Mkurugenzi alikwenda na tai yake, na haikupita nusu saa mama mmoja akamkabidhi mtoto amshikie. Kazini wakaanza kumwita Dada Mama Foleni. Tarehe 1 Machi 2019 akawa mhandisi mkuu, mwanamke wa kwanza katika kampuni ile. Sisi nyumbani tulivimba vichwa, na mpaka leo havijapungua.

Septemba 2024 aligundulika kuwa na saratani ya kongosho. Alitibiwa kwa miezi minane. Hakuwa mgonjwa mtulivu, alimuuliza daktari maswali mpaka daktari akawa anakuja na majibu ameyaandika. Alifariki Jumanne, tarehe 6 Mei 2025, saa tatu asubuhi, mkono wake ukiwa mkononi mwa mumewe. Tumeumia sana.

Ameacha mama, mume, watoto wawili, wadogo wawili, na kaka mmoja.

Wanaoujua ukoo wetu watashangaa, kwa kuwa kifungua mimba hana kaka. Juzi, tulipokuwa tunaandaa karatasi hii, fundi cherehani alifika nyumbani akaomba aandikwe miongoni mwa wafiwa. Nilimuuliza tumwandike kama nani. Akafikiri kidogo, akasema, "Mimi nimemzidi umri. Niandike kaka." Nami nimeandika.

Nenda ukapumzike, Dada. Mungu akupokee vema.