Tanzia Aliyoibandika Mwenyewe

Wasikilizaji wapendwa, leo tunamkumbuka Zdravko Kolarev, mwana wa mji wetu wa Brestovo. Aliandika filamu, akaziongoza, na akaziigiza mwenyewe. Tulimzika Jumamosi, na nusura tumzike bila watu.

Katika filamu yake ya kwanza, fundi viatu anajifanya amekufa ili asikie watasema nini. Zdravko ndiye aliyeandika, ndiye aliyeongoza, ndiye aliyekuwa fundi. Akachapisha tanzia zenye picha yake, akazibandika milangoni na kwenye nguzo, kama tunavyobandika za marehemu wetu. Jioni akazibandua. Moja akaisahau, mlangoni kwa muuza mikate. Jina lilikuwa la fundi viatu, lakini nani husoma jina akishaiona sura?

Kesho yake majirani wakajaa kwa mama yake, Bibi Tsvetana, na maua mawili mawili, maana kwetu mawili ni ya msiba, moja ni la aliye hai. Mama akazirai. Alipozinduka, mwanawe alikuwa amepiga magoti mbele yake. Alichomoa ua moja katika kila shada, yakabaki moja moja.

"Sasa ni ya walio hai, mama," akasema.

"Mzaha mzaha hutunga usaha, Zdravko. Siku ukifa kweli, nani atakuja?"

Hakusikia. Dada yake, Yordanka, anasema: "Kaka hakuwa na filamu isiyo na maiti, na maiti lazima awe yeye." Kila mara tanzia zilibandikwa hapa kwetu. Mji ukazoea. Watu wakiiona picha nguzoni husema, "Zdravko kafa tena," wakaenda zao sokoni.

Vuli hii moyo wake ulisimama jikoni kwa dada yake, akimenya pilipili hoho zilizochomwa. Yordanka akabandika tanzia. Watu wakapita wakitabasamu. Maneno ya mama yakamrudia, akaogopa. Akaenda kwa muuza mikate.

"Safari hii filamu inahusu nini?" mzee akamwuliza.

"Hakuna filamu, baba."

"Hata yeye husema hivyo."

"Yeye, ndiyo. Mimi nimewahi kukudanganya?"

Mzee akavua kofia, akafunga duka, wakazunguka pamoja nyumba kwa nyumba.

Wasikilizaji wapendwa, watu walikuja. Walikuja wengi. Ila wengine hawakusadiki mpaka mwisho, wakaja na ua moja moja, kama walivyozoea kumpokea kila filamu yake ilipoonyeshwa. Yordanka alisimama kando ya kaburi na kapu la maua. Kila aliyeshika ua moja, alimwongezea la pili. Hakumlaumu mtu. Alipofika kwa muuza mikate, mzee alikuwa tayari ana mawili, na alikuwa akilia.

Tunampa pole Yordanka na jamaa wote wa Kolarev. Nasi tujiulize tumewazoeza nini wanaotupenda, maana siku moja tutawahitaji watusadiki. Zdravko, safari hii tumekusadiki. Pumzika.