Wadih Nassour na Kinu cha Watu Wawili

Mzee wetu Wadih Nassour alizaliwa tarehe 14 Mei 1948 hapahapa kijijini Kfar Sorra, wilaya ya Koura, mtoto wa nne wa Tannous na Hanneh. Baba yake alikuwa akipogoa matawi ya mizeituni ya watu. Yeye hakuwa na hata mti mmoja.

Alisoma shule ya kanisa mpaka 1961, akatoka. Hakufukuzwa, wanaosema alifukuzwa waache uongo. Baba aliumia mgongo, akatakiwa mtu wa kupanda ngazi badala yake.

Mwaka 1974 yeye na Nakhle Sarrouf walinunua kinu cha kukamua zeituni, nusu kwa nusu. Nakhle alimzidi miaka mitano, basi mlangoni likaandikwa jina la Nakhle peke yake. Kuweka mawili waliona ni kushindana na mkubwa. Heshima hiyo ilikuja kumtokea Wadih puani.

Wadih alimuoa Afifeh Khlat Jumapili tarehe 9 Septemba 1979. Alikoga mara tatu, mafuta hayakutoka mikononi. Bibi harusi akawaambia wenzake, "Jamani, nimeolewa na saladi!"

Oktoba 1996 duka la vitambaa la Nakhle kule Tripoli lilianguka, mahakama ikamtangaza muflisi. Mfilisi, yule wa kukusanya mali za muflisi, akaja kijijini, akasoma mlango, akafunga kinu chote kwa muhuri wa nta nyekundu. Magunia ya wanakijiji yalikuwa uani, zeituni zinachacha. Wadih akaenda mahakama ya wilaya. Wakamwambia, "Kesi hii ni ya mahakama ya ufilisi, nenda kule." Kule nako, "Hii ni ya ushirika wa watu wawili, rudi wilayani kwenu." Miezi kumi na saba alizungushwa hivyo, misimu miwili ikapita kinu kimelala.

Nakhle mwenyewe alimfuata nyumbani.

"Nikane, mdogo wangu. Sema kinu chako peke yako, jina pambo tu. Mimi nimeshakwisha."

"Kaka, funga mdomo unywe kahawa."

"Utapoteza vyote, kichwa ngumu wewe!"

"Nikisema changu peke yangu, wewe miaka ishirini na mbili ulikuwa nani mle ndani? Punda wa kuzungusha jiwe?"

Hakumkana. Tarehe 17 Machi 1998 mahakama ya rufaa ilisema ugomvi umezaliwa na kufilisika, kwa hiyo mahakama ya ufilisi ndiyo iusikilize. Lakini kinu ni mali ya ushirika, na mahakama hiyo inachoweza kugusa ni fungu la Nakhle tu. Nusu hiyo ikapigwa mnada. Mtu wa Koura hakunyoosha mkono ila Wadih, na dhahabu ya Afifeh mfukoni. Jioni ileile alimrudishia Nakhle nusu yake, kwa mdomo, karatasi zilishawachosha. Walikamua pamoja mpaka 2016.

Figo zilimsumbua Wadih kuanzia 2019. Kila siku ya kusafishwa damu, Nakhle alikuja na fimbo yake akakaa kiti cha pembeni, wanabishana kwenye karata. Wadih alifariki nyumbani Alhamisi, tarehe 2 Februari 2023.

Ameacha mjane Afifeh, watoto Tannous, Jihan na Fuad, wajukuu saba, na mshirika wake Nakhle Sarrouf. Kuna ndugu walitaka jina hili la mwisho litolewe, eti kisheria ushirika ulikufa 1998. Marehemu aliagiza liandikwe. Limeandikwa.

Bwana amlaze Wadih wetu palipo na mwanga, apumzike kwa amani.