Maksai Wangu na Kifungu cha Msuluhishi

Wenzangu wa kikundi, mmeniomba nisimame, basi nimesimama. Wazee wangu, shikamooni. Na wewe uliyekaa nyuma unayecheka, cheka tu. Siku ile natoka mahakamani nikilia barabarani, ni wewe uliyenipakia kwenye pikipiki yako mpaka hapa Mpui, wala hukuniuliza kitu.

Mnanijua. Mimi ni mjane, nalima mahindi na ulezi, na nguvu yangu yote ni maksai wawili, Sharobaro na Mzee. Niliwafundisha kulima mwenyewe. Mwaka ule wa kesi nilichukua mkopo wa mbegu na mbolea kwa wakopeshaji fulani wa mjini, ofisi yao iko Mazwi, jina naliacha. Dhamana ikawa maksai. Mkataba ulisema nitalipa baada ya mavuno, nami nikaona sawa, maana mkulima atalipa lini tena?

Ndugu zangu, nawaambia, hapo ndipo tulipopishana. Sisi hapa ulezi tunaukata, tunaulundika ukauke vizuri, ndipo tunaupura. Kabla ya kupura huna cha kuuza. Wenzetu wale walihesabu mavuno tangu siku ya kukata. Lundo langu bado limefunikwa majani, wakaja na gari, eti nimechelewa na faini imeshaanza. Wakawapakia Sharobaro na Mzee. Nilishikilia kamba mpaka viganja vikachubuka. Afisa wao, kijana mdogo tu, akaniambia, "Shikamoo mama, samahani, mimi nimetumwa." Jamani, shikamoo ya nini na huku unanichukulia ng'ombe?

Nikasema nitawaburuza mahakamani. Wenzangu wa jumuiya ya kanisani wakanishauri nisome kwanza mkataba. Weee! Nisome nini, na haki yangu naijua? Nikafungua kesi. Siku ya kusikilizwa nimevaa kitenge changu cha Pasaka, kichwa juu, wakili wao akasimama akasoma kifungu: mgogoro wowote juu ya mkopo huu utaamuliwa na msuluhishi atakayekubaliwa na pande zote mbili. Chini yake saini yangu, inaonekana kabisa. Akaomba kesi isimame.

Hakimu alinieleza taratibu. "Mama, mahakama haijakufukuza. Mlikubaliana wenyewe njia ya kupita mkigombana, basi ipiteni." Akaisimamisha kesi, ila akazuia maksai wasiuzwe mpaka msuluhishi atoe uamuzi. Mungu ambariki kwa hilo, ingawa siku ile sikumsikia. Nilichosikia ni kwamba kesi imesimama, nami nikaona nimekwisha.

Nikajifungia. Ulezi niliupura, nikaujaza ghalani, nikakataa kuuza hata debe. Niwalipe nini, na ng'ombe wanao wao? Kanisani siendi, kwenye kikundi siji. Mawingu yakaanza kujikusanya, watu wanatengeneza majembe yao ya kukokotwa, mimi nikanunua jembe la mkono.

Akapita jirani yangu, yule mfugaji aliyehamia na ng'ombe wake kutoka Usukumani. Akalitazama jembe, akanitazama mimi.

"Mama, shamba lote lile kwa hili? Krismasi itakukuta mstari wa pili."

Nikacheka bila kupenda. Yeye hakucheka.

"Maksai wako nimewaona mjini, uani kwa wale jamaa. Yule Mzee mbavu zinahesabika. Wewe umewanunia wakopeshaji, anayekonda ni ng'ombe."

Loo! Maneno yale yalinichoma. Nililia sana, kisha nikaoga, nikamfuata katibu wetu wa kikundi, tukaandika barua ya kuomba msuluhishi, naye akaipeleka mjini mwenyewe.

Wakopeshaji walitaja mtu wao, nikamkataa, kwa sababu amewahi kuwafanyia kazi. Nikamtaja bwana shamba mmoja mstaafu, wakamkubali. Alikaa nasi hapa hapa, ofisi ya kijiji. Akatuonya mapema kwamba akishaamua, neno lake linatufunga sote, asitokee mtu wa kurudi mahakamani kuanza upya eti hakupenda uamuzi. Tukakubali. Kisha akatutoa nje, tukaenda wote mpaka uwanja wangu wa kupuria. Akamuuliza yule kijana, afisa wao aliyechukua maksai, "Ulezi ukiwa bado kwenye masuke, huyu mama angemuuzia nani?"

Kijana akasema, "Mzee, kwenye kompyuta msimu ulikuwa umefungwa."

Uamuzi ukatoka: mavuno hapa huisha kwa kupura, kwa hiyo faini ifutwe na maksai warudi. Lakini nami sikupona. Aliniambia mbele ya watu kwamba tangu nilipopura deni lilikuwa limeiva, na kuficha ulezi hakukuwa haki. Nilipe mkopo na riba yake yote, na gharama za usuluhishi tugawane. Nikauza ulezi, nikalipa. Sharobaro na Mzee walirudi wamekonda, tukalima eneo dogo kuliko miaka yote, lakini tulilima.

Namshukuru jirani yangu kwa ulimi wake mkali, katibu kwa miguu yake, na jumuiya mlioniletea unga nikiwa nawafungia mlango. Sitawasahau.

Sasa sikilizeni. Sikisemi vibaya kifungu kile, kiliniokoa. Ila nilikikuta mahakamani badala ya kukikuta mezani. Ningekijua, nisingepoteza miezi yote ile Mzee akifa njaa. Ulizeni msuluhishi anachaguliwa na nani, anakaa wapi, na gharama analipa nani. Leo mkataba wa mkopo wa kikundi uko hapo mezani, na kifungu kama kile kimo, nimekiona. Mimi nitasaini. Lakini ninyi, kabla hamjashika kalamu, kila mmoja asimame anieleze: siku wakija kumchukulia ng'ombe wake, ataanza kubisha hodi mlango gani?